Mtu mwenye daftari: kazi ya mwandishi na mtayarishaji wa makala za televisheni

Kikosi cha watengeneza filamu kikishuka Mikindani, watu hukitambua upesi. Mwenye kamera begani ni kameramani. Mwenye maiki yenye manyoya kwenye fimbo ndefu ni mtu wa sauti. Anayetoa amri ya kuanza na kusimama ni mwongozaji, au dairekta kama tulivyozoea kumwita. Halafu yupo mmoja mwenye daftari na simu mbili, ambaye asubuhi nzima hagusi kifaa chochote. Anaongea na mtendaji wa kata, anapatana bei ya boti, anamsikiliza mzee barazani kwa saa nzima huku kamera ikiwa bado imo ndani ya begi. Huyo ndiye aliyewaleta wenzake wote. Ndiye mwandishi na mtayarishaji wa makala, yaani filamu za mambo halisi, prodyuza kwa lugha ya kazini, na kati ya vijana wa Mtwara na Lindi wanaotamani kazi za televisheni, wachache sana wanaifahamu kazi yake.

Naieleza kwa kirefu kwa sababu moja. Kusini tuna habari ambazo watu wanavuka bahari kuzifuata, na kamera siku hizi zimejaa mikononi mwa watu. Hata simu ya kawaida inapiga picha inayoweza kurushwa hewani. Umiliki wa habari hizo unatuponyoka kwenye karatasi: utafiti ulioandikwa vizuri, ridhaa iliyosainiwa, bajeti, mkataba. Karatasi zote hizo ni kazi ya mtu mwenye daftari.

Kinachowachanganya wengi ni kwamba kazi mbili zimekaa ndani ya mtu mmoja. Kwenye tamthilia inawezekana mwandishi akamaliza skripti, akaikabidhi, akaenda zake, kisha prodyuza akatafuta fedha na waigizaji. Kwenye makala mgawanyo huo huvunjika mapema. Utakachoandika kinategemea nani amekubali kuzungumza, na nani amekubali kunategemea umemfikiaje, umemwahidi nini, una siku ngapi za kukaa kijijini kwao. Ndiyo maana katika televisheni nyingi duniani majina hayo mawili hukaa pamoja. David Attenborough, ambaye wengi wetu tunamjua kwa sauti tu, aliingia BBC mwaka 1952 kujifunza utayarishaji. Alianza kuonekana mbele ya kamera mwaka 1954, baada ya mwenzake aliyepangwa kukitangaza kipindi kuugua. Ilipofika 1979 na mfululizo wake mkubwa wa historia ya viumbe, maneno yote aliyosema alikuwa ameyaandika mwenyewe, na nyuma ya maneno hayo ilikuwepo miaka mingi ya kupanga safari na kutetea bajeti.

Tuichukue Tendaguru, tuone kazi inavyokwenda hatua kwa hatua.

Kilima cha Tendaguru kiko kilomita 60 hivi kaskazini-magharibi mwa mji wa Lindi. Mwaka 1906 mhandisi wa madini wa Kijerumani, Bernhard Sattler, aliripoti mifupa mikubwa iliyotokeza juu ya ardhi. Kati ya 1909 na 1913 msafara wa makumbusho ya Berlin, ukiongozwa na Werner Janensch na Edwin Hennig, ulichimba na kusafirisha zaidi ya tani 200 za visukuku, yaani mifupa ya dinosaria iliyogeuka mawe. Waliochimba, waliofunga na waliobeba ni mamia ya vibarua Waafrika, mwendo wa siku kama nne kwa miguu hadi bandari ya Lindi. Kiunzi cha mmoja wa wanyama hao, mla majani mwenye shingo ndefu aliyeishi miaka takriban milioni 150 iliyopita, kimesimama Berlin tangu 1937, na kimo chake kinazidi mita 13.

Habari hiyo ni nzito, lakini ukiipeleka hivyo kwenye meza ya chaneli yoyote utarudishwa, maana ni mada ambayo haijapata swali. Mwandishi akiuliza mnyama huyu aliishije, filamu itakwenda kwa wanasayansi na itahitaji picha za kompyuta zenye gharama kubwa kuliko kazi nyingine zote kwa pamoja. Akiuliza iwapo mifupa irudi nyumbani, itakwenda kwa wanasheria, wabunge na wakurugenzi wa makumbusho, na nusu ya bajeti itaishia kwenye tiketi za ndege. Akiuliza ni nani waliobeba, filamu inabaki Lindi. Itamtafuta Boheti bin Amrani, msimamizi wa wachimbaji, ambaye jina lake limo kwenye kumbukumbu za msafara. Itauliza pia kwa nini watu wengi walikuwa tayari kwa kibarua kile. Vita vya Majimaji vilivyoanzia milima ya Matumbi mwaka 1905 vilikuwa vimemalizika 1907 tu, na njaa iliyofuata ilikuwa imewaacha watu wa kusini bila akiba. Mimi ningelichagua swali la tatu bila kusita. Ndilo linaloweza kujibiwa na watu wa hapa, kwa sauti zao, na ndilo ambalo mtu wa kutoka mbali analiruka kwa urahisi zaidi.

Swali likishapatikana, linaandikwa kwenye andiko fupi la kurasa mbili au tatu: filamu inauliza nini, nani watazungumza, mtazamaji ataona nini, kwa nini sasa, na kwa nini wewe. Sehemu inayowashinda wengi ni ya mtazamaji ataona nini. Wabebaji wa Tendaguru hawapo. Kilima kimefunikwa na miti. Mwandishi anayejua kazi yake anaanza kuorodhesha picha kabla ya maneno: picha mnato zilizopigwa na msafara wenyewe, ambazo baadhi zinaonyesha wafanyakazi na mizigo, kiunzi kule Berlin, njia ya kwenda pwani, mikono ya mtu wa leo akifunga mzigo kwa kamba, bandari ya Lindi maji yakiwa yamejaa na yakiwa yamekupwa. Kama orodha haitoshi kujaza muda, andiko libadilishwe mapema, kabla fedha haijatumika.

Zile picha mnato zina mwenyewe. Nyingi zimehifadhiwa na makumbusho, na matumizi yake hulipiwa au huombewa kibali kwa maandishi. Kibali hutaja nchi, miaka na njia ya kurusha. Ukiomba kwa Tanzania peke yake kwa miaka mitano, gharama ni ndogo. Ukiomba dunia nzima na intaneti bila kikomo, hupanda sana. Prodyuza asiyefikiri mbele huchukua cha rahisi, kisha filamu ikipata mnunuzi wa nje analazimika kurudi kulipa upya, na wakati mwingine bei imeshabadilika. Hali ni hiyo hiyo kwa filamu za habari za Waingereza kuhusu mradi wa karanga wa Nachingwea. Mradi ule, ulioanza 1947 na kufutwa 1951, ndio uliozaa bandari ya kina kirefu ya Mtwara na reli iliyokuja kung'olewa, lakini picha zake zinazotembea ziko kwenye hifadhi za kumbukumbu za Uingereza. Anayetaka kusimulia Nachingwea kwa picha aweke fungu la hifadhi kwenye bajeti tangu siku ya kwanza.

Vibali vya hapa nyumbani havina siri ila vina mpangilio. Kupiga filamu nchini kunahitaji kibali cha Bodi ya Filamu, chini ya sheria ya mwaka 1976. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara, yaliyo kwenye orodha ya Urithi wa Dunia tangu 1981, yanahitaji ruhusa ya wanaoyasimamia. Droni inahitaji idhini ya mamlaka ya usafiri wa anga. Baada ya hapo unashuka ngazi: mkoa, wilaya, kata, kijiji. Nashauri usiikwepe hata ngazi moja. Mwenyekiti wa kijiji aliyepata habari zako kwa watoto waliokimbilia gari atakuwa na haki ya kukusimamisha, na siku itakuwa imekufa.

Kisha kuna kalenda, ambayo kwa mtu wa kusini ni nusu ya utayarishaji. Makala ya korosho haiwezi kupigwa kwa wiki moja. Kupulizia salfa kuna miezi yake, maua yana miezi yake, mavuno huanza Oktoba hivi na minada hufuata. Anayekuja Novemba peke yake ataondoka na picha za magunia na watu waliokasirishwa na bei, bila ile kazi ya miezi mingi iliyofanya bei iwaume. Mvua nazo zina sauti yao kwenye bajeti. Mei 2024 mvua za kimbunga Hidaya zilikata barabara ya Dar es Salaam kwenda Lindi huko Somanga, na magari yakakaa. Kikosi kinacholipwa kwa siku kinalipwa hata kikiwa kimekaa pembeni ya daraja lililosombwa, kwa hiyo fungu la dharura ni la lazima. Mdhamini akitaka lifutwe, mweleze kwa mifano ya aina hiyo.

Sasa tufike kwa mzee barazani, maana hapo ndipo uandishi wenyewe ulipo, ingawa hakuna kinachoandikwa.

Mtu mwenye umri wa miaka 80 leo alizaliwa miaka ya 1940. Hakuiona Tendaguru ya Wajerumani. Aliisikia kwa babu yake, au kwa baba aliyeisikia kwa babu. Mwandishi lazima ajue anapokea kitu cha aina gani. Kumbukumbu ya ukoo inaweza kubeba kilichokosekana kabisa kwenye madaftari ya msafara: wimbo wa wabebaji, jina la mahali walipopumzika, hofu ya watu kuhusu mifupa ile. Inaweza pia kuchanganya uchimbaji wa Wajerumani na ule wa Waingereza, waliokuja baadaye kati ya 1924 na 1931. Vyote viwili vinatokea kwenye mazungumzo ya saa moja. Dawa yake ni kuandika kwa uwazi ndani ya filamu: hili limo kwenye nyaraka, hili wanalisema wa ukoo. Mtazamaji ana akili za kutosha kuyashika yote mawili, na mzee hapotezi heshima yake.

Namna ya kuuliza nayo ina ufundi. Sauti ya muulizaji huondolewa wakati wa kuhariri, kwa hiyo jibu lazima lisimame peke yake. "Shikamoo mzee. Babu yako alikwenda Tendaguru?" "Marahaba. Alikwenda." Hapo hujapata kitu. Afadhali: "Mzee, naomba utusimulie alichokuwa anakisema babu yako kuhusu safari za Tendaguru." Halafu nyamaza. Wageni wengi wa kazi hii huogopa ukimya na huujaza kwa swali jingine. Mzee alikuwa anatafuta jina, sasa limepotea. Kama anasimulia vizuri zaidi kwa Kimwera au Kimakonde, mwache asimulie hivyo, na tafsiri iandikwe chini ya picha. Mtafsiri alipwe na jina lake liandikwe mwishoni mwa filamu pamoja na wengine.

Kuhusu ridhaa, nina msimamo mkali. Mtu aelezwe filamu itaonyeshwa wapi, kwamba ikiingia kwenye intaneti haitoki tena, na kwamba anaweza kukataa bila kumkosea mtu. Ridhaa hiyo isainiwe, au isemwe mbele ya kamera kama hasomi. Na yapo mambo ambayo ridhaa ya mtu mmoja haitoshi. Mafunzo ya ndani ya unyago na jando ni mali ya jamii nzima, yanatunzwa na makungwi na wazee, na kijana mmoja aliyekubali kuyafichua kwa sababu ya fedha hana mamlaka hayo. Ngoma ya hadharani ipigwe picha. Cha ndani kibaki ndani. Filamu nzuri kuhusu unyago inaweza kutengenezwa kwa kuwauliza kina mama walivyobadilika baada yake, bila kufunua pazia.

Posho huleta mabishano kila mara. Nionavyo, boti, chakula, nauli na siku ya shamba iliyopotea vilipwe, tena kwa ukarimu. Maneno yasilipwe. Mtu akishajua kuna bei ya jibu, ataanza kukisia jibu lenye bei.

Kikosi kikirudi, uandishi unaanza upya. Mahojiano yote hunakiliwa neno kwa neno, na kila sentensi huandikiwa muda wake kwenye faili ili mhariri wa picha aipate. Kazi hii inachosha na wengi huiruka; wanaoiruka huishia kutumia wanachokikumbuka, ambacho mara nyingi ni kauli ya yule aliyeongea kwa sauti kubwa. Kutoka kwenye nakala hizo mwandishi hupanga filamu kwenye karatasi yenye safu mbili, picha upande mmoja na sauti upande wa pili. Skripti ya kabla ya safari ilikuwa makisio. Hii ya sasa ndiyo skripti, na inapaswa kuingia kwenye muda halisi wa kipindi: dakika 26 kwa nafasi ya nusu saa au 52 kwa nafasi ya saa, ndivyo vipimo ambavyo chaneli nyingi za kimataifa huomba, zinazobaki zikiwa za matangazo.

Maneno ya msimulizi huja mwisho kabisa, na yawe machache. Picha ikionyesha njia msituni, hakuna haja ya kusema, "Hapa tunaiona njia ikipita katikati ya miti." Msimulizi anaweza kusema, "Mzigo mmoja, siku nne, hadi baharini," kisha akaacha hatua zisikike. Maneno yaandikwe kwa sikio: sentensi fupi, takwimu moja kwa wakati, jina la mtu kabla ya cheo chake. Njia ya kujua kama imekaa sawa ni kuisoma kwa sauti mbele ya picha. Pumzi ikikukatikia, kata sentensi.

Wapo wanaodhani filamu isiyo na msimulizi haina mwandishi. Mwaka 1992 mtengeneza filamu wa Tanzania Flora M'mbugu-Schelling alitoa makala ya dakika 45, These Hands, kuhusu wanawake wakimbizi kutoka Msumbiji waliokuwa wakiponda kokoto kwenye machimbo karibu na Dar es Salaam. Hakuna sauti inayoeleza. Kuna nyundo, jiwe, mtoto, wimbo, na nyundo tena. Lakini mtu aliamua wimbo uje baada ya uchovu gani, na kila jiwe lionekane kwa muda gani. Huo ni uandishi kamili, na ningemwomba kila kijana wa Ruvuma hadi Rufiji anayetaka kazi hii aitafute filamu hiyo kabla hajanunua kamera.

Riziki inatoka wapi? Televisheni yenyewe ni changa Tanzania Bara: Zanzibar ilikuwa nayo tangu miaka ya 1970, lakini Bara ilianza 1994 kwa vituo binafsi, na ya taifa ikafuata miaka kadhaa baadaye. Njia ya kwanza ni ajira ya vituo, lakini vina saa nyingi za kujaza na fedha kidogo za makala, kwa hiyo aliyeajiriwa huko hufanya vipindi vifupi kwa haraka. Njia ya pili, ambayo wengi wa huku kusini huishi kwayo, ni kazi za mashirika: filamu ya mradi wa maji, ya lishe, ya gesi. Ni kazi halali na inafundisha nidhamu ya muda, ila mlipaji ndiye anayeamua mwisho wa hadithi, na mtazamaji anastahili kuambiwa nani amelipa. Mambo ya gesi yanadai uangalifu wa pekee. Aliyeandika kuhusu Mtwara ya Januari na Mei 2013, watu walipopinga bomba la kwenda Dar es Salaam, hawezi kufadhiliwa na upande mmoja na kuitwa shahidi wa pande zote.

Njia ya tatu ni mifuko ya filamu na matamasha, ambako andiko zuri ndilo mtaji wote. Njia ya nne ni mtandao. YouTube hulipa kwa sehemu ya matangazo baada ya chaneli kufikisha wafuatiliaji 1,000 na saa 4,000 za kutazamwa ndani ya mwaka, na urushaji wa mtandaoni nao una kanuni zake chini ya TCRA, mamlaka ya mawasiliano, tangu 2018, zilizorekebishwa baadaye. Kwa makala inayochukua mwaka kutengeneza, mapato hayo ni ya kuongezea tu. Watu wengi niwajuao katika kazi hii huchanganya zote nne, mwaka mmoja ukilipia mwingine.

Katika kila njia, mkataba ujibu maswali yale yale. Nani anamiliki filamu iliyokamilika? Mwandishi anatajwa vipi? Ikiuzwa tena, anapata sehemu gani? Nani anaruhusiwa kuikata vipande na kuvitumia kwenye kazi nyingine? Kijana anayelipwa kwa siku kama mwenyeji wa kuongoza kikosi cha nje, akatoa wazo, akapata wazee, akatafsiri usiku kucha, amefanya kazi ya utayarishaji. Aombe jina la utayarishaji, kwa maandishi, kabla ya safari ya kwanza. Jina hilo ndilo litakalomfungulia mlango unaofuata, kuliko ile posho. Kazi iliyokamilika iandikishwe COSOTA, ofisi ya hakimiliki.

Kuna kipengele kimoja ambacho hakionekani sana kwenye mikataba, nami ningekiweka juu ya vingine vyote. Mahojiano ya saa mbili hutoa dakika tatu za filamu. Saa moja na dakika hamsini na saba zilizobaki huenda na diski ya mwenye fedha, kwenye mji ambao mzee yule hatafika. Aliyekuwa na miaka 15 mradi wa karanga ulipoanza Nachingwea leo amevuka 90, na hatahojiwa mara ya pili. Kwa hiyo mkataba useme hivi: rekodi kamili, bila kukatwa, pamoja na nakala zake zilizoandikwa, nakala moja wapewe ukoo, na nyingine ibaki wilayani mahali ambapo mwalimu au mwanafunzi anaweza kuiomba. Gharama yake ni diski mbili na siku moja ya kunakili. Iwekwe kwenye bajeti kwa jina lake, isije ikafutwa mwishoni pamoja na fungu la dharura.